Kulungu wadogo wa Florida waliponea risasi, sasa wafuatwa na maji ya chumvi

KATIKA ncha ya kusini ya Jimbo la Florida nchini Marekani, pale nchi kavu inapokwisha na kubaki mlolongo wa visiwa vidogo vilivyopinda kuelekea magharibi, anaishi mnyama asiyepatikana porini mahali pengine popote duniani. Ni kulungu mwenye kimo cha mbuzi, ambaye alfajiri huonekana akikatiza barabara za lami, akichungulia bustani za watu, au akiogelea kutoka kisiwa kimoja hadi kingine, kichwa kikiwa juu ya maji.

Katika miaka ya 1950 wanyama hawa walikuwa wamebakia kati ya 25 na 50 tu. Leo wanakadiriwa kuwa mamia kadhaa, na baadhi ya makadirio hukaribia 1,000. Kwa hesabu hiyo, kisa chao kingeweza kusimuliwa kama ushindi uliokamilika.

Hata hivyo, wanaowafuatilia hawajashusha pumzi. Hatari kubwa iliyosalia haibebi bunduki wala haina magurudumu. Ni bahari inayopanda taratibu, mwaka hadi mwaka, na kutia chumvi katika vidimbwi vidogo ambavyo wanyama hao hutegemea kwa kunywa.

Si swala

Msomaji wa Afrika Mashariki huenda akamdhania mnyama huyu kuwa ni aina ya swala, hasa kwa kuwa jina la kulungu hutumika pia kwa swala wa vichakani mwenye madoa, ambaye wengine humwita mbawala au pongo. Kwa kweli hizo ni koo mbili tofauti.

Swala ni jamaa wa ng'ombe na mbuzi. Pembe zake hazina matawi, zina mfupa ndani na gamba gumu nje, na akishaziotesha hukaa nazo hadi kufa. Kulungu wa nchi za kaskazini pembe zake ni mfupa mtupu wenye matawi. Huota, hukomaa na kuanguka kila mwaka, kisha huota tena upya. Kwa jamii karibu zote za kulungu, ni madume pekee wanaoota pembe hizo.

Kusini mwa Jangwa la Sahara hakuna kulungu wa asili wa ukoo huo. Barani Afrika wanapatikana kaskazini tu, katika misitu ya mpakani mwa Algeria na Tunisia, na huko Morocco walikorudishwa baada ya kutoweka. Ndiyo maana lugha ya Kiswahili haikuwa na jina lake mahususi.

Kulungu wa visiwa vya Florida ni tawi moja la kulungu mkia-mweupe, spishi iliyoenea kutoka Canada hadi kaskazini mwa Amerika ya Kusini. Wataalamu humwita Odocoileus virginianus clavium, na walimtambua rasmi kuwa nususpishi ya pekee mwaka 1922.

Jina hilo la mwisho lina kichekesho chake. Visiwa vyenyewe huitwa Florida Keys, na neno "key" hapo limetokana na "cayo" la Kihispania, maana yake kisiwa kidogo kilicho chini. Lakini neno hilo hilo kwa Kiingereza ni ufunguo. Wanasayansi walipolitia katika Kilatini wakaandika "clavium", yaani "wa funguo". Hivyo mnyama huyu amebeba katika vitabu vya sayansi jina lisilohusiana na kwao.

Udogo uliotokana na kisiwa

Dume aliyekomaa ana uzito wa kati ya kilo 25 na 34, na jike kati ya kilo 20 na 29. Mabegani kimo chao ni kati ya sentimeta 61 na 81. Ndugu zao wa kaskazini mwa Marekani na Canada huweza kupita kilo 100. Mtoto huzaliwa akiwa na uzito wa kilo moja hadi mbili hivi, na kwato zake ni ndogo kiasi kwamba nyayo zake ardhini hufanana na alama ya ukucha wa kidole gumba.

Rangi ya manyoya yake ni kahawia yenye wekundu, nayo hufifia kuelekea kijivu majira yanapobadilika. Watoto huzaliwa na madoa meupe ambayo hupotea wakiwa na umri wa miezi michache. Upande wa chini wa mkia ni mweupe kabisa. Anaposhtuka huusimamisha kama bendera, akapiga kwato ardhini, na wenzake wote wakajua kuwa kuna jambo.

Chanzo cha udogo huo ni historia ya bahari yenyewe. Wakati wa enzi ya mwisho ya barafu, maji mengi ya dunia yalikuwa yameganda kaskazini, na usawa wa bahari ulikuwa chini sana kuliko leo. Visiwa hivi vilikuwa sehemu ya nchi kavu, na kulungu wa bara waliteremka kwa miguu. Barafu ilipoyeyuka bahari ilipanda, nchi ikakatika vipande, na wanyama waliokuwa upande wa kusini wakabakia kisiwani. Wataalamu hukadiria kuwa hayo yalitokea kati ya miaka 6,000 na 12,000 iliyopita.

Kisiwani chakula ni kidogo na maji ni ya kubahatisha. Mwenye mwili mkubwa huhitaji vingi, na mwaka wa ukame humwangusha mapema. Mwenye mwili mdogo huridhika na kidogo, akaishi na kuzaa. Mambo hayo yakirudiwa vizazi maelfu, kizazi kizima hupungua umbo. Ndivyo ilivyotokea pia kwa tembo wa kale wa visiwa vya Sicily na Cyprus, ambao mabaki yao yanaonyesha kuwa walikuwa wafupi kuliko tembo wa bara.

Kwa maneno mengine, kupanda kwa bahari ndiko kulikomuumba kulungu huyu. Tofauti ni kwamba safari ile alibakiwa na kisiwa cha kusimama.

Makazi yake

Takriban robo tatu ya kulungu wote hawa wanaishi katika visiwa viwili, Big Pine Key na No Name Key, vilivyo kiasi cha kilometa 50 mashariki mwa mji wa Key West. Waliobaki wametawanyika katika visiwa zaidi ya 20 vya jirani.

Big Pine Key si kisiwa kirefu wala kirefu kwa kimo. Sehemu yake kubwa iko chini ya mita mbili kutoka usawa wa bahari. Hata hivyo, mtu akitembea kutoka ufukweni hadi katikati atapita mazingira kadhaa tofauti. Kwanza ni mikoko iliyosimama majini. Baada yake hufuata nyika za majani zinazofikiwa na maji ya chumvi mara kwa mara. Kisha huinuka misitu minene ya miti ya majani mapana na, mahali palipoinuka zaidi, misitu ya misonobari iliyoota juu ya mawe matupu ya chokaa.

Kulungu hutumia mazingira hayo yote. Hula zaidi ya aina 150 za mimea, yakiwemo majani na matunda ya mikoko, na tunda la minazi midogo ya mwitu. Mimea mingine ambayo ni sumu kwa wanyama wengi yeye huila bila kudhurika. Baada ya moto kupita katika msitu wa misonobari, hukusanyika kula machipukizi. Msitu huo nao unahitaji moto wa mara kwa mara, kwani bila huo miti ya majani mapana huufunika na kuumaliza.

Lakini kitu kinachoamua kulungu aishi wapi si chakula, ni maji baridi. Big Pine imebahatika kuwa na tabaka la mawe linaloshika maji ya mvua. Maji hayo, kwa kuwa ni mepesi kuliko ya bahari, huelea juu ya maji ya chumvi ndani ya mawe, kama mafuta yanavyoelea juu ya mchuzi. Mahali mawe yalipobonyea, maji hayo hujitokeza na kufanya vidimbwi. Kulungu anaweza kunywa maji yenye chumvi kidogo, lakini hawezi kuishi kwa maji ya bahari.

Ndiyo sababu ya kuogelea. Majira ya mvua yanapojaza vidimbwi katika visiwa vidogo, kulungu huvuka na kutawanyika humo. Vidimbwi vikikauka, kuanzia Novemba hadi Aprili, hurudi Big Pine na kwingineko kwenye maji ya kudumu. Anayebaki kwenye kisiwa kisicho na maji hana wa kumletea.

Tabia zake

Kulungu hawa hutembea zaidi alfajiri na jioni, na mchana wa joto hupumzika kivulini. Majike huishi katika vikundi vidogo vya mama na mabinti zake. Madume hukaa peke yao au wawili watatu pamoja, na msimu wa kupandana unapowadia urafiki huo huvunjika.

Pembe za dume huanguka Februari au Machi, na mpya huanza kuota mara moja zikiwa zimefunikwa ngozi laini yenye damu. Kufikia Agosti au Septemba pembe zimekauka, na dume huisugua ngozi ile kwenye miti hadi itoke. Mwezi wa Oktoba mapigano hufikia kilele. Madume husukumana kwa pembe, na baadhi huondoka na majeraha.

Jike hubeba mimba kwa siku 200 hivi, na watoto wengi huzaliwa Aprili na Mei, mvua zikikaribia. Kwa kawaida huzaa mtoto mmoja. Uzazi huo wa mmoja mmoja ni miongoni mwa mambo yanayofanya idadi yao ichelewe kupanda pindi inapoporomoka.

Mbwa, moto na bunduki

Habari za kulungu katika visiwa hivi zimeandikwa tangu karne ya 16. Hernando de Escalante Fontaneda, Mhispania aliyevunjikiwa na jahazi na kuishi miaka mingi mateka miongoni mwa wenyeji wa Florida, aliwataja katika kumbukumbu zake. Wenyeji waliwawinda kwa nyama, na mabaharia waliopita waliwafuata kwa sababu hiyo hiyo.

Hali ilibadilika pale njia ya nchi kavu ilipofika. Mwaka 1912 reli iliyojengwa juu ya bahari iliviunganisha visiwa hadi Key West. Kimbunga cha mwaka 1935 kiliiharibu, na mahali pake ikajengwa barabara iliyofunguliwa mwaka 1938. Wawindaji kutoka bara walikuja wakiwa na mbwa. Vichaka vilitiwa moto ili kulungu wakimbilie majini, ambako wenye mashua na bunduki walikuwa wakiwangojea.

Mwaka 1934 mchora katuni mashuhuri Jay Norwood Darling, aliyejulikana kwa jina la "Ding", alichora katuni iliyoonyesha unyama huo na kuwashtua wasomaji wengi wa Marekani. Mwaka 1939 Jimbo la Florida lilipiga marufuku uwindaji wa kulungu katika visiwa hivyo. Sheria hiyo ilikuwa nzuri katika karatasi, lakini hapakuwa na mlinzi wa kuisimamia, na wanyama wakazidi kupungua.

Nafuu ilianza mwanzoni mwa miaka ya 1950, alipopatikana mlinzi wa kudumu, Jack Watson, aliyezunguka visiwani usiku na mchana akiwasaka majangili. Mwaka 1957 Serikali ya Marekani ilianzisha hifadhi maalumu kwa ajili ya mnyama huyu, National Key Deer Refuge. Mwaka 1967 aliingizwa katika orodha ya kwanza ya taifa hilo ya wanyama walio hatarini kutoweka. Idadi ikaanza kupanda.

Ukarimu unaoua

Kulungu walipoongezeka, watu nao waliongezeka. Big Pine Key leo ina wakazi zaidi ya 4,000, na barabara kuu ya kwenda Key West inakipasua kisiwa hicho. Magari yakawa chanzo kikubwa kuliko vyote cha vifo vya kulungu.

Wakazi wa Unguja wanalifahamu jambo hilo vyema. Katika barabara inayopita Msitu wa Jozani, kima punju wengi waligongwa na magari hadi yalipojengwa matuta ya kupunguza mwendo, ndipo vifo vikapungua. Big Pine ilichagua njia mbili. Ya kwanza ni kikomo cha mwendo, ambacho usiku hushushwa hadi maili 35 kwa saa, sawa na kilometa 56 hivi. Ya pili, iliyokamilika mwaka 2003, ni uzio wa takriban kilometa 2.6 kandokando ya barabara, pamoja na njia mbili za kupita chini yake. Kulungu walizoea njia hizo, na katika kipande kilichozungushiwa uzio ajali zilipungua sana.

Lakini gari lina mshirika wake, nao ni mkono unaotoa chakula. Watalii na baadhi ya wakazi huvutiwa na umbo dogo la mnyama huyu na macho yake makubwa, wakampa mkate, biskuti au chipsi kupitia dirishani. Siku chache baadaye kulungu yule husimama kando ya barabara akilisubiri gari jingine. Anapoteza hofu ya watu na ya mbwa, na hujazana na wenzake mahali pamoja, ambapo ugonjwa wa mmoja huwa wa wote.

Kwa sababu hiyo kumlisha kulungu huyu ni kosa la jinai. Ni mfano wa nadra wa sheria inayomwadhibu mtu kwa kitendo ambacho yeye mwenyewe anakihesabu kuwa wema.

Funza wa mwaka 2016

Mwaka 2016 likaja jambo ambalo hakuna aliyelitazamia. Kulungu walianza kuonekana wakiwa na vidonda vikubwa vichwani na shingoni, vikiwa vimejaa funza. Uchunguzi ulithibitisha kuwa ni mabuu ya nzi aitwaye Cochliomyia hominivorax, ambaye hutaga mayai kwenye jeraha la mnyama aliye hai. Mabuu yake hayali mzoga, hula nyama hai.

Marekani ilikuwa imeshamtokomeza nzi huyo miongo kadhaa nyuma. Kurejea kwake kuliangukia wakati mbaya, msimu wa kupandana, ambapo madume hujeruhiana kwa pembe. Kila mkwaruzo uligeuka mlango wa mauti. Kulungu 135 walipotea, wengi wao madume, baadhi wakiwa wameuawa na waganga wa mifugo ili kuwaondolea mateso.

Dawa iliyotumika ilikuwa ya aina mbili. Watumishi wa hifadhi pamoja na watu wa kujitolea waliwapa kulungu mkate uliotiwa dawa ya kuua mabuu. Mkono uliokatazwa kulisha ulitakiwa kwa muda kulisha, ila safari hii chini ya usimamizi. Sambamba na hilo, nzi madume waliofugwa na kuondolewa uwezo wa kuzaa kwa mionzi waliachiwa huru visiwani, zaidi ya milioni 188 kwa jumla. Nzi jike wa aina hiyo hupandwa mara moja tu maishani. Akipandwa na dume tasa, mayai yake hayaanguliwi, na kizazi kinakatika. Machi 2017 ilitangazwa kuwa visiwa vimesafishika.

Mbinu hiyo si ngeni katika Afrika. Nchini Libya ilitumika mwanzoni mwa miaka ya 1990 dhidi ya nzi huyo huyo, aliyekuwa ameingia kutoka Amerika. Huko Unguja ilitumika katika miaka hiyo ya 1990 kuwatokomeza mbung'o waliokuwa wakieneza nagana kwa mifugo. Mbung'o madume walifugwa Tanga, wakatiwa mionzi na kumwagwa kisiwani kwa ndege, na mwaka 1997 Unguja ikatangazwa kuwa haina tena mdudu huyo.

Hata hivyo hatari haijatoweka moja kwa moja. Tangu mwaka 2023 nzi mla nyama hai amekuwa akisonga kaskazini kupitia Amerika ya Kati, na Novemba 2024 aliingia tena Mexico. Kwa mnyama ambaye jamii yake yote imebanwa katika visiwa vichache, mlipuko mmoja unaweza kufuta kazi ya miaka mingi.

Kimbunga na chumvi

Miezi sita baada ya funza kutokomezwa, Septemba 10, 2017, kimbunga Irma kilitua Cudjoe Key, kisiwa kilicho karibu na Big Pine, kikiwa katika daraja la nne. Bahari ilifurika na kufunika sehemu kubwa ya ardhi. Baadhi ya kulungu walikufa. Walionusurika walikuta vidimbwi vyao vimejaa maji ya chumvi, na majani yamekauka kana kwamba yamepitiwa na moto. Ililazimu wapelekewe maji ya kunywa hadi mvua zilipoanza kuviosha vidimbwi.

Kimbunga kilionyesha kwa siku moja jambo ambalo bahari inalifanya kwa miaka mingi. Kipimo cha kina cha bahari kilichopo Key West, ambacho kimekuwa kikisomwa tangu mwaka 1913, kinaonyesha kuwa usawa wa bahari umepanda kwa zaidi ya sentimeta 20. Sababu ni kuongezeka kwa joto la dunia, ambalo hutanua maji ya bahari na kuyeyusha barafu ya nchi kavu.

Sentimeta 20 ni kimo cha glasi mbili zilizopandanishwa. Mahali penye milima, hazihesabiki. Katika kisiwa kilichotandazika kama mkeka, hubadilisha mambo mengi. Bahari inapopanda, tabaka la maji baridi lililo ndani ya mawe husukumwa juu na kuwa jembamba, na wimbi kubwa hufika mbali zaidi kuliko zamani. Wakazi wa pwani ya Tanzania na Kenya waliowahi kuona kisima cha maji matamu kikigeuka kuwa cha maji ya magadi hawahitaji kuelezwa zaidi.

Binadamu aliongeza kasi ya mambo. Katikati ya karne ya 20 ilichimbwa mifereji ya kuegesha boti mbele ya nyumba, pamoja na mitaro ya kukausha mazalia ya mbu. Njia hizo ziliyaingiza maji ya bahari hadi ndani ya kisiwa, na watoto wengi wa kulungu walitumbukia katika mitaro hiyo na kufa maji. Baadhi imefukiwa.

Dalili ziko wazi kwenye miti. Katika kisiwa cha Sugarloaf Key, msitu wa misonobari ulirudi nyuma sana katika karne ya 20, na mahali pake pakachukuliwa na mimea inayostahimili chumvi. Mwaka 2024 watafiti walitangaza kuwa aina moja ya mpungate mrefu kama mti, uliokuwa ukiota katika kisiwa cha Key Largo, umetoweka porini nchini Marekani, na wakataja kupanda kwa bahari miongoni mwa sababu kuu.

Njia panda

Swali linalowakabili wahifadhi si tena jinsi ya kumlinda kulungu dhidi ya adui, bali jinsi ya kumlinda pale makazi yenyewe yanapokwisha. Kila jibu lina gharama yake.

Kati ya mwaka 2003 na 2005, karibu kulungu 40 walihamishwa kutoka Big Pine na kupelekwa Sugarloaf na Cudjoe ili wasiwe wote kapu moja. Hatua hiyo ilisaidia, lakini visiwa hivyo navyo ni vya chini na vinakabiliwa na bahari ile ile.

Kumhamishia bara kungempatia ardhi iliyoinuka. Lakini huko wapo kulungu mkia-mweupe wa kawaida, wakubwa na wengi, ambao wangezaana naye. Baada ya vizazi kadhaa kulungu mdogo wa visiwani angekuwa amemezwa. Kumweka katika bustani za wanyama kungehifadhi damu yake, ila si maisha yake ya kuogelea, kutafuta maji na kula mikoko.

Kinachoendelea kufanywa kwa sasa ni kununua muda. Mitaro hufukiwa ili chumvi isipate njia ya mkato. Misitu ya misonobari huchomwa kwa utaratibu ili iendelee kuchipua. Madereva hukumbushwa kupunguza mwendo, na wageni hukatazwa kulisha. Hakuna hata moja kati ya hayo linaloweza kuizuia bahari, lakini kila moja humwongezea kulungu nguvu ya kustahimili ukame na kimbunga kijacho.

Historia yake imethibitisha kuwa mnyama anaweza kurudishwa kutoka ukingoni endapo watu watakubaliana kuacha jambo fulani. Waliacha kumwinda, akaongezeka. Walipunguza mwendo, ajali zikapungua. Joto la dunia ni jambo gumu zaidi, kwa kuwa moshi unaolisababisha hautoki Big Pine Key peke yake, na waliopo kisiwani hawawezi kuuzima wenyewe.

Kwa kulungu mwenyewe, suala ni jepesi kuliko hayo yote. Kila kiangazi huteremka kwenye kidimbwi alichoonyeshwa na mama yake, akainamisha kichwa na kuonja. Maji yakiwa baridi, atabaki hapo na kuzaa. Yakiwa ya chumvi, atainuka na kuogelea kwenda kisiwa cha pili kutafuta mengine.